Kesi Moja, Vitabu Vitano: Namna ya Kusoma Sheria, Haki Jinai na Siasa

Mwishoni mwa mwaka 1958 Rawson Macharia alitia saini hati ya kiapo iliyoitikisa serikali ya kikoloni nchini Kenya. Alisema kwamba ushahidi alioutoa karibu miaka sita kabla, katika kesi ya Kapenguria, ulikuwa wa uongo, na kwamba serikali ilimwahidi nauli ya ndege, masomo Uingereza, matunzo ya familia yake na kazi akirudi. Ushahidi huo ulikuwa sehemu ya msingi wa kumtia hatiani Jomo Kenyatta, aliyehukumiwa pamoja na wenzake watano kifungo cha miaka saba na kazi ngumu tarehe 8 Aprili 1953. Macharia akashtakiwa. Hakushtakiwa kwa kusema uongo Kapenguria. Alishtakiwa kwa kuapa uongo katika hati ile mpya, akatiwa hatiani, akafungwa.

Aliyenunua The Trial of Jomo Kenyatta, kitabu cha Montagu Slater kilichotoka London mwaka 1955, hakuweza kulijua jambo hilo. Slater aliufuata mwenendo wa kesi, maswali ya mawakili na majibu ya mashahidi, lakini kitabu chake kilikwisha kuchapwa miaka mitatu kabla Macharia hajaigeuka kauli yake. Msomaji wa leo anayekitoa rafuni na kuishia hapo anaijua kesi kama ilivyojulikana mwaka 1955.

Ushauri mkuu kwa yeyote anayetaka kuingia katika vitabu vya sheria, haki jinai na siasa unatokana na hali hiyo. Asitafute kitabu kimoja kikuu kitakachomweleza yote. Achague kesi moja au tukio moja, kisha alifuate katika vitabu kadhaa vilivyoandikwa na watu wa pande tofauti, katika miaka tofauti, huku maandishi ya sheria yenyewe yakiwa mezani. Vitabu vitano vinatosha kuanzia.

Wengi huanza na kitabu cha kiada cha chuo kikuu, wakakata tamaa katika sura ya pili. Kosa si lao. Kitabu cha namna hiyo kimeandikwa kwa ajili ya mwanafunzi mwenye mhadhiri wa kumuuliza na mtihani mbele yake, na kinataja mamia ya kesi kwa majina matupu. Kesi moja, kinyume chake, ina watu, mahali, tarehe na jalada. Ukiifuata hadi mwisho unajikuta umejifunza kosa la jinai ni nini, ushahidi hupimwaje, rufaa huendaje, na siasa huingilia wapi.

Kapenguria kwa mfano

Kesi hiyo inafaa kwa kuanzia kwa sababu karibu kila aliyehusika ameandika au ameandikwa. Baada ya Slater kuna D. N. Pritt, wakili Mwingereza aliyeongoza utetezi, ambaye alisimulia upande wake katika tawasifu yake, hasa kitabu kiitwacho The Defence Accuses cha mwaka 1966. Kuna Bildad Kaggia, mmoja wa washtakiwa sita, aliyetoa Roots of Freedom mwaka 1975. Kuna Macharia mwenyewe, aliyechapisha simulizi yake mwaka 1991 katika The Truth about the Trial of Jomo Kenyatta. Na kuna Fitz de Souza, wakili kijana wa Kenya aliyekuwa katika jopo la utetezi, ambaye kumbukumbu zake, Forward to Independence, zilitoka mwaka 2019.

Kwa upande wa serikali ipo taarifa ya F. D. Corfield ya mwaka 1960 kuhusu chimbuko la Mau Mau, vuguvugu la kupinga ukoloni. Msomaji asiiruke kwa kuwa anajua mapema kwamba hatakubaliana nayo. Taarifa hiyo inaonyesha jinsi watawala walivyojieleza, majalada gani waliyaona yanafaa kutajwa, na mambo gani waliyachukulia kuwa hayahitaji kuthibitishwa. Mtu asiyejua hoja za upande wa mashtaka hawezi kupima kama utetezi ulizijibu.

Vitabu hivyo vikisomwa kwa pamoja, kila kimoja kinaanza kusema kile ambacho kingine kimekinyamazia. Kutoka kwa mawakili msomaji anajifunza ugumu wa kuwatetea watu mahali pa mbali, katika wilaya iliyofungwa kwa wageni, mawakili wakitoka Uingereza, India, Nigeria na hata Moshi, ambako Mjamaika Dudley Thompson alikuwa akifanya kazi ya uwakili. Kaggia anampa macho ya mtu aliyekaa kizimbani. Wanahistoria waliochambua majalada ya kikoloni baadaye wameongeza jambo zito: hakimu Ransley Thacker, jaji mstaafu aliyeitwa makusudi kusikiliza kesi hiyo, alilipwa pauni 20,000.

Katika kusoma huko, yapo maswali manne ya kuandikwa kwenye ukurasa wa kwanza wa daftari. Mwandishi alikuwa wapi wakati tukio linatokea? Aliandika mwaka gani, na ni nini kimejulikana tangu hapo? Anategemea nini: macho yake, mahojiano, au nyaraka? Na ni nani anayetajwa sana katika kitabu lakini hapewi nafasi ya kusema? Majibu mengi yanapatikana kabla ya sura ya kwanza, katika ukurasa wa haki ya kunakili, dibaji, shukrani na orodha ya marejeo. Ni dakika 20 za kazi, na zinamwokoa mtu na wiki nzima ya kuamini kisichostahili kuaminiwa.

Sheria yenyewe iwe mezani

Washtakiwa wa Kapenguria walishtakiwa kwa kusimamia chama haramu, yaani Mau Mau, iliyopigwa marufuku mwaka 1950. Asiyejua hilo anaweza kusoma kurasa mia tatu akidhani walishtakiwa kwa mauaji au uhaini. Kila kitabu cha kesi kisomwe sambamba na kifungu kilichotumika, na siku hizi hilo limekuwa rahisi. Tovuti ya Kenya Law inaweka sheria na hukumu za Kenya wazi kwa kila mtu bila malipo. Kwa Tanzania kazi hiyo inafanywa na TanzLII, iliyo chini ya Mahakama ya Tanzania.

Msomaji wa Tanzania aangalie sana toleo. Sheria za nchi zimefanyiwa urekebu mara kadhaa, na mtu atakutana na Toleo la Urekebu la mwaka 2002, la 2019 na la 2023. Namba za vifungu zinaweza kubadilika kutoka toleo moja hadi jingine, hivyo kifungu kilichotajwa katika kitabu cha mwaka 2005 kinaweza kuwa na namba nyingine leo, au kuwa kimefutwa. Namba ya sura husaidia kutafuta: Kanuni ya Adhabu ni Sura ya 16, Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ni Sura ya 20, Sheria ya Ushahidi ni Sura ya 6. Kabla ya kusoma kifungu chochote, mtu apitie kwanza kifungu cha tafsiri kilicho mwanzoni mwa sheria, kwa maana humo ndimo sheria inapoeleza inamaanisha nini inapomtaja mtoto, silaha au nyaraka.

Katiba nayo isomwe pamoja na masharti yake. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika ibara ya 49, inataka mtu aliyekamatwa afikishwe mahakamani mapema iwezekanavyo na si zaidi ya saa 24, na kama saa hizo zinaishia nje ya muda wa kazi wa mahakama, basi kabla ya mwisho wa siku ya kazi inayofuata. Msomaji anayeishia kwenye saa 24 anaweza kumshauri vibaya ndugu yake aliyekamatwa Ijumaa jioni.

Tanzania ina mfano mzito zaidi. Ibara ya 14 ya Katiba ya mwaka 1977 inampa kila mtu haki ya kuishi. Mwaka 1994, katika kesi ya Mbushuu, Jaji James Mwalusanya wa Mahakama Kuu aliamua kwamba adhabu ya kifo inakwenda kinyume cha Katiba. Mwaka uliofuata Mahakama ya Rufani ilikubali kwamba adhabu hiyo ni ya kikatili na ya kutweza, lakini ikasema inaokolewa na ibara ya 30(2), inayoruhusu sheria zenye kulinda maslahi ya umma. Mtu aliyesoma ibara ya 14 peke yake angeshangaa kwa nini adhabu hiyo bado ipo. Kila anayeisoma sehemu ya haki za binadamu katika Katiba hiyo hana budi kuisoma na ibara ya 30 pamoja na ya 31.

Hukumu isisomwe gazetini tu

Waandishi wa habari hufanya kazi ya haraka, na hukumu ndefu hugeuka kichwa cha habari cha maneno sita. Msomaji anayetaka kuelewa afungue hukumu yenyewe. Haitishi kama inavyodhaniwa, kwa sababu hukumu nyingi zina mpangilio unaofanana: historia ya shauri, hoja zinazobishaniwa, maelezo ya kila upande, uchambuzi wa mahakama, na mwisho amri. Anayeanza asome historia kwanza, kisha aruke hadi kwenye amri ili ajue nani ameshinda na amepata nini, ndipo arudi katikati akafuate sababu.

Asiwaache majaji waliopinga. Tarehe 1 Septemba 2017 Mahakama ya Juu ya Kenya ilifuta matokeo ya uchaguzi wa rais. Majaji wanne, akiwamo Jaji Mkuu David Maraga, waliunga mkono uamuzi huo, na wawili, Jackton Ojwang na Njoki Ndung'u, walipinga. Sababu kamili zilitolewa siku kadhaa baadaye, na uchaguzi ukarudiwa tarehe 26 Oktoba. Wengi wa walioandika vitabu na makala juu ya uamuzi huo wana upande wao. Anayezisoma sababu za wanne na za wawili ataona kwamba mgogoro ulihusu mambo ya msingi: kama dosari katika kupeleka matokeo zinatosha kufuta uchaguzi, au mpaka ionyeshwe kwamba zilibadilisha mshindi. Akishazisoma, alinganishe na maombi ya mwaka 2013 na 2022 yaliyotupwa na mahakama hiyohiyo.

Jambo la pili ni kuifuata kesi mpaka inapoishia. Mchungaji Christopher Mtikila alidai Watanzania waruhusiwe kugombea bila kupitia chama. Mwaka 1994 Mahakama Kuu, kwa uamuzi wa Jaji Kahwa Lugakingira, ilimpa ushindi, na Bunge likabadilisha Katiba kuuziba mlango huo. Mwaka 2006 Mahakama Kuu ilimpa ushindi tena. Mwaka 2010 Mahakama ya Rufani ikautengua na kusema suala hilo ni la Bunge. Tarehe 14 Juni 2013 Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, yenye makao Arusha, ikaamua kwamba Tanzania imekiuka haki zake. Kitabu kilichochapwa mwaka 2007 kitamwambia msomaji kwamba mgombea binafsi ameruhusiwa, na kile cha mwaka 2011 kitamwambia kwamba suala limefungwa. Vyote viwili vilisema kweli siku vilipotoka.

Vitabu vya gerezani

Afrika Mashariki ina hazina kubwa ya maandishi yaliyotoka gerezani, na sehemu yake nzuri iko katika Kiswahili. Abdilatif Abdalla wa Mombasa alifungwa kwa sababu ya karatasi yake ya mwaka 1968, Kenya: Twendapi?, na mashairi aliyoyatunga akiwa kifungoni yalitoka mwaka 1973 katika diwani ya Sauti ya Dhiki. Mwaka uliofuata diwani hiyo ilipewa Tuzo ya Fasihi ya Jomo Kenyatta, tuzo yenye jina la rais ambaye serikali yake ndiyo iliyomfunga. Ngũgĩ wa Thiong'o alichukuliwa na polisi mwishoni mwa Desemba 1977, akawekwa Kamiti kwa karibu mwaka mzima, na akaandika Detained, kitabu cha mwaka 1981. J. M. Kariuki alisimulia kambi za wakati wa Hali ya Hatari, iliyotangazwa na wakoloni kupambana na Mau Mau, katika Mau Mau Detainee, kilichotoka mwaka 1963.

Watatu hawa wote walinyimwa uhuru, lakini kisheria hali zao zilitofautiana, na msomaji makini azitenganishe. Abdilatif alifikishwa mahakamani na kuhukumiwa. Ngũgĩ hakushtakiwa kwa kosa lolote. Aliwekwa kizuizini kwa amri ya serikali chini ya sheria ya usalama wa umma. Kariuki alizuiliwa kwa kanuni za Hali ya Hatari za wakoloni. Kwa hiyo kila anapofungua kitabu cha gerezani, ajiulize ni mamlaka gani iliyomweka mtu huyu ndani, kwa kifungu kipi, na ni nani aliyekuwa na uwezo wa kumtoa. Swali hilo ndilo linalounganisha mateso ya mtu mmoja na mfumo mzima. Tanzania nayo ilikuwa na Sheria ya Kuweka Watu Kizuizini ya mwaka 1962, na Tume ya Jaji Mkuu Francis Nyalali iliitaja mwanzoni mwa miaka ya 1990 miongoni mwa sheria 40 zilizohitaji kufutwa au kurekebishwa.

Hata hivyo vitabu hivi vina pengo. Vimeandikwa na wafungwa wa kisiasa, watu wenye elimu, majina na wachapishaji. Mahabusu aliyeshikwa kwa wizi wa simu na kukaa rumande akisubiri upelelezi ukamilike haandiki kitabu, na wahenga walisema asiyekuwapo na lake halipo. Ili kumsikia huyo, msomaji ageukie taarifa za tume. Tanzania iliunda tume ya kuangalia jinsi ya kuboresha taasisi za haki jinai mwaka 2023, ikiongozwa na Jaji Mkuu mstaafu Mohamed Chande Othman, na taarifa yake ilikabidhiwa kwa Rais Julai mwaka huohuo. Kenya ina taarifa ya Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano ya mwaka 2013, ambamo wananchi wa kawaida walitoa ushahidi wa waliyotendewa tangu uhuru. Taarifa kama hizi ni nene na lugha yake ni kavu. Ni halali kabisa kusoma muhtasari, mapendekezo, na sura moja inayohusu jambo analolitafuta mtu.

Takwimu zipimwe

Hakuna eneo linalomkosesha msomaji usingizi kama idadi ya waliokufa, na hakuna eneo linalohitaji utulivu zaidi. Mwaka 2005 vilitoka vitabu viwili vikubwa kuhusu vita vya Mau Mau. Katika Histories of the Hanged, David Anderson alitumia majalada ya mahakama kuonyesha kwamba serikali ya kikoloni iliwanyonga watu 1,090. Katika Imperial Reckoning, kilichopata Tuzo ya Pulitzer mwaka 2006, Caroline Elkins alitumia mahojiano na nyaraka kueleza mateso ya kambini, na kwa kulinganisha sensa akakadiria kwamba Wakikuyu kati ya 130,000 na 300,000 hawakujulikana walipo. Mwaka 2007 John Blacker, mtaalamu wa takwimu za idadi ya watu, alizipitia sensa hizohizo, akakadiria vifo vya ziada vipatavyo 50,000, karibu nusu yao watoto wa chini ya miaka 10.

Tarakimu hizo hazina uzito mmoja. Ile ya Anderson ni hesabu, kwani kila hukumu ya kifo iliacha jalada. Zile nyingine ni makadirio, na makadirio hubadilika kwa kubadilisha dhana moja tu kuhusu uzazi au uhamaji. Msomaji anayenukuu tarakimu barazani au katika hotuba aseme ni hesabu au makadirio, na ni ya nani.

Wala kupinga tarakimu si kukifuta kitabu kizima. Wazee wa Kenya walipoishtaki serikali ya Uingereza kwa mateso waliyoyapata kambini, Elkins na Anderson walikuwa miongoni mwa wanahistoria waliotoa ushahidi. Wakati kesi ikiendelea, mwaka 2011, serikali hiyo ililazimika kukiri kwamba ilikuwa na shehena ya majalada ya kikoloni iliyofichwa Hanslope Park, na yaliyomo yaliunga mkono sehemu kubwa ya yale ambayo wazee walikuwa wakiyasema kwa miaka. Tarehe 6 Juni 2013 Uingereza ilitangaza malipo ya pauni milioni 19.9 kwa wadai 5,228. Kwa kesi hiyo, utafiti wa kitabuni ulikuwa na kazi mahakamani.

Tawasifu za wanasiasa

Wanasiasa waandikapo maisha yao hupenda kuanza na utoto, shule na mashaka ya safari. Msomaji mwenye muda mfupi aende moja kwa moja kwenye faharasa, atafute tukio gumu kuliko yote katika uongozi wa mwandishi, na asome kurasa hizo kwanza. Namna mtu anavyolieleza jambo linalomuuma ndiyo kipimo cha kitabu kilichobaki.

Benjamin Mkapa, aliyekuwa Rais wa Tanzania, katika My Life, My Purpose cha mwaka 2019 hakuyakwepa mauaji ya Januari 2001 yaliyotokea Zanzibar, hasa Pemba, polisi walipowakabili waandamanaji. Ameandika kwamba ni doa katika uongozi wake. Kukiri huko kuna thamani, na kunastahili kusomwa pamoja na taarifa ya Human Rights Watch ya mwaka 2002 na kazi ya tume iliyoongozwa na Brigedia Jenerali Hashim Mbita, ili sauti ya aliyekuwa Amiri Jeshi Mkuu ikutane na za waliojeruhiwa. Mzee Rukhsa: Safari ya Maisha Yangu, kitabu cha Ali Hassan Mwinyi cha mwaka 2021, kimeandikwa kwa Kiswahili, na kwa anayetaka kuelewa jinsi Tanzania ilivyotoka katika chama kimoja na uchumi ulioendeshwa na serikali ni mahali pazuri pa kuanzia. Pembeni yake pakae Uongozi Wetu na Hatima ya Tanzania, ambamo Julius Nyerere aliwakosoa viongozi wa serikali hiyohiyo ya Mwinyi kuhusu Muungano. Vitabu viwili, chama kimoja, na mgogoro uleule ukitazamwa kutoka viti viwili.

Mapinduzi ya Zanzibar ya tarehe 12 Januari 1964 yanadai uangalifu zaidi, kwa kuwa kila familia Unguja na Pemba ina kumbukumbu yake. John Okello alijieleza mwenyewe katika kitabu cha mwaka 1967. Don Petterson, mwanadiplomasia wa Marekani aliyekuwapo kisiwani, aliandika chake mwaka 2002. Harith Ghassany alikusanya simulizi za wahusika katika Kwaheri Ukoloni, Kwaheri Uhuru! cha mwaka 2010, kitabu cha Kiswahili kilichozua mjadala mkali. G. Thomas Burgess, mwaka 2009, aliweka ndani ya jalada moja kumbukumbu za Ali Sultan Issa, aliyekuwa waziri katika serikali ya mapinduzi, na za Seif Sharif Hamad, kiongozi wa upinzani. Hicho cha Burgess kinafaa kusomwa kwanza kwa sababu kinamlazimisha msomaji kuwasikiliza wawili ambao asingewaweka meza moja. Baada yake, vitabu vya upande mmoja havimtishi wala havimtawali.

Riwaya na tamthiliya zisiachwe

Katika Mabepari wa Venisi, tafsiri ya Nyerere ya mwaka 1969, Portia anaingia mahakamani kwa kujigeuza mwanasheria na kuamua shauri, ilhali ni mke wa Bassanio, rafiki mkubwa wa mdaiwa. Walimu wengi husifu akili yake. Msomaji wa sheria aulize pia kama Shylock, mdai, alipata haki mbele ya mwamuzi mwenye maslahi katika shauri. Haini, riwaya ya Adam Shafi ya mwaka 2003, imetokana na kamatakamata iliyofuata kuuawa kwa Abeid Amani Karume tarehe 7 Aprili 1972, na Shafi mwenyewe alikuwa miongoni mwa waliowekwa ndani. Riwaya haithibitishi nani alifanya nini, lakini inaeleza hofu ya kuhojiwa kwa undani ambao mwenendo wa kesi hauwezi kuufikia. Isomwe kwa ajili hiyo.

Kusoma kwa pamoja

Vitabu vingi vilivyotajwa hapa ni vya bei kubwa, na vingine havichapwi tena. Kwa sababu hiyo kikundi cha watu wanne au watano kinafaa kuliko msomaji mmoja. Kila mmoja achukue kitabu kimoja cha kesi iliyochaguliwa, kutoka maktaba au kwa kuazima, na kukieleza kwa wenzake. Asomaye Kiingereza vizuri amsaidie asiyekisoma kwa kueleza hoja kwa Kiswahili. Tangu mwaka 2021 sheria ya Tanzania imekifanya Kiswahili lugha ya sheria na ya mahakama, lakini hukumu nyingi za nyuma zimeandikwa kwa Kiingereza.

Kesi nzuri ya kuanzia kikundi ni ya Rebeca Gyumi dhidi ya Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Katika mkutano wa kwanza wanakikundi wasome vifungu vya 13 na 17 vya Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, vilivyoruhusu msichana kuolewa akiwa na miaka 15 kwa ridhaa ya wazazi, huku mvulana akitakiwa kufikisha 18, na mahakama ikiweza kuruhusu ndoa ya aliyefikisha 14. Mkutano wa pili uwe wa hukumu ya Mahakama Kuu ya Julai 2016 iliyovitangaza vifungu hivyo kuwa kinyume cha Katiba na kuipa Serikali mwaka mmoja kuvirekebisha. Wa tatu uwe wa hukumu ya Mahakama ya Rufani ya Oktoba 2019 iliyoitupa rufaa ya Serikali. Katika wa nne wajadili sheria inavyosomeka sasa, na kumwalika mwanasheria, kiongozi wa dini na mzazi. Hakuna hata kitabu kimoja cha kununuliwa kwa mikutano hiyo minne.

Tahadhari moja inahusu jamaa zetu walio na kesi. Kusoma vitabu hakumfanyi mtu wakili, na muda wa sheria haumsubiri anayejifunza. Nchini Tanzania, anayetaka kukata rufaa ya jinai kwenda Mahakama Kuu kutoka mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi ana siku 10 za kutoa taarifa ya kusudio na siku 45 za kuwasilisha rufaa yenyewe. Nchini Kenya rufaa huwasilishwa ndani ya siku 14. Nchi zote mbili zina sheria za msaada wa kisheria, ya Kenya ikiwa ya mwaka 2016 na ya Tanzania ya mwaka 2017, na zipo taasisi za siku nyingi kama Kituo cha Sheria cha Kenya na Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu cha Tanzania zinazowahudumia wasio na uwezo wa kumlipa wakili. Aliye na ndugu rumande aende huko kwanza, akiwa na nakala ya hati ya mashtaka na tarehe ya kesi, kisha vitabu vimsaidie kuelewa majibu atakayopewa na kuuliza yale ambayo hajajibiwa.